Bakuli la Kupeleka Kabungu

Misunkumilo, Mpanda
6 Oktoba 1996

Mpwa wangu Hana,

Mwangaluka. Kabla hujakaa vizuri kusoma, ujue kwamba treni ya Tabora haiondoki hapa Mpanda mpaka dereva anione nimesimama pale stesheni na kuinua mkono. Wiki iliyopita nilikuwa na shughuli zangu, nikachelewa. Treni ikangoja. Abiria wakaanza kelele, stesheni masta akawaambia, "Jamani, Mzee Masalu hajafika, sasa nyie mnataka mimi nifanye nini?" Ndivyo tulivyo huku. Mimi sitaki makuu, ila watu wenyewe wameamua.

Afya yangu ni ya chuma. Ng'ombe wote kumi na mmoja wazima, na yule jike mwekundu amezaa, namkamua mpaka mkono unaomba ruhusa ya kupumzika. Wewe je, miguu bado inavimba kwa kusimama jikoni kutwa? Hao masista wa hosteli chakula chako kinawaridhisha, au bado wanasema chumvi imezidi?

Sasa sikia. Kuna ugeni mkubwa unakuja kwangu. Majina siandiki, ni watu wa juu, na wilaya nzima wamesema hakuna wa kuwapokea ila mimi. Nyama ipo, wali upo. Kimebaki kile cha mwisho, cha matunda na maziwa, kile kinachokaa kwenye bakuli kama wingu, ulichomtengenezea mke wangu Mama Ngolo mwaka jana alipokuja Tabora kutibiwa macho. Mimi kukitengeneza najua. Enzi za mgodi, nikiwa na miaka tisa, meneja Mzungu alikuwa haweki kijiko mdomoni mpaka mimi nimekubali. Nakuuliza ili nikupime kama bado unakumbuka. Andika kila hatua, usiruke hata moja, kama vile unamwandikia mtu asiyejua kabisa.

Mama Ngolo hajambo, yuko hapa nje anapepeta mchele. Anakusalimia sana.

Ni mimi mjomba wako,
Masalu

*

Tabora
16 Oktoba 1996

Mjomba,

Shikamoo. Miguu yangu imepata nafuu tangu masista waliponiletea kigoda kirefu, siku hizi nakata vitunguu nimekaa kama karani. Chumvi hawaisemi tena. Nimefurahi kusikia jike mwekundu amezaa.

Umeniandikia kwamba Mama Ngolo yuko hapo nje anapepeta mchele. Mjomba, mfuko ule ule wa posta ulioleta barua yako umeleta na ya kwake. Ameandika kutoka Kabungu, kwa kaka yake Severini, na anasema huu ni mwezi wa pili yuko huko.

Ameniandikia yote. Kwamba alfajiri ile fisi alipoingia kwenye banda la ndama, yeye ndiye aliyetoka na mchi, akampiga mpaka akakimbia na mguu mmoja juu. Halafu wewe ukaenda mnadani, ukasimama katikati ya watu, ukasema alikuwa chui, ulimkaba kwa mikono, na mke wako alikuwa chini ya kitanda anamwita mama yake. Watu wakacheka. Kesho yake kisimani wanawake wakamwuliza kama kule chini ya kitanda kuna baridi.

Maneno yake nayanakili kama yalivyo: "Chui ningemwachia. Uongo wake nimeishi nao miaka ishirini na mbili, siku nyingine hata unanichekesha. Lakini kitanda sikumwachia."

Hakuniambia nani alikuwa chini ya kitanda. Na mimi sijamwuliza.

Kwa hiyo ugeni wako mkubwa nadhani naufahamu. Siku ile hapa Tabora alilamba bakuli, akaniambia, "Hana, kumbe ndizi zote nilizokula maisha yangu zilikuwa zinasubiri hiki." Basi hatua zake ni hizi.

Chukua maziwa yote ya jioni ya ng'ombe wawili, weka kwenye sufuria pana karibu na mtungi, mahali pa baridi, funika kwa kitambaa, usiyaguse. Asubuhi na mapema, ile malai nzito iliyopanda juu iengue kwa kijiko taratibu. Upate kama kikombe na nusu. Ndizi sukari tatu, zile zilizoiva mpaka ganda lina madoa, ziponde kwa uma. Pasua pasheni nne, mwagia juu ya ndizi pamoja na mbegu zake, uchanganye hapo hapo, maana ukichelewa ndizi zinakuwa nyeusi. Sukari vijiko viwili.

Sasa ile malai. Itie kwenye bakuli, bakuli liwe ndani ya beseni la maji baridi ya mtungi. Ipige kwa uma huku unaiangalia. Ukiona inaanza kushika alama ya uma, na ukiinua uma kinabaki kilima kidogo, acha hapo hapo, hata kama mkono una hamu ya kuendelea. Ichanganye na ndizi kwa kijiko, kutoka chini kuja juu, usikoroge kama uji. Basi. Kinaliwa siku hiyo hiyo, hakingoji mtu.

Ni chakula cha robo saa, mjomba. Ila kama ni huyo ninayemdhania, itabidi na maneno yawepo, na hayo siwezi kukuandikia mimi.

Mpwa wako,
Hana

*

Misunkumilo
28 Oktoba 1996

Mpwa wangu,

Marahaba. Barua yako niliisoma nimesimama, nikairudia nimekaa, ya tatu nikaisomea zizini ambako hakuna anayeniona uso. Natumaini unaendelea vizuri na hicho kigoda chako cha kikarani.

Kwanza huyo fisi. Mtu aliyekurupuka usingizini, fisi na chui hawaachani sana. Wote wana madoa. Pili, kuhusu kitanda. Pale mnadani watu walikuwa wanacheka, Hana, na watu wakicheka mdomo wangu ni baiskeli isiyo na breki, iko kwenye mteremko. Nilisikia neno "kitanda" limeshatoka ndipo nikajua kwamba nimelisema.

Ugeni haupo. Haya, umefurahi? Mama Ngolo hayupo pia. Ngolo mwenyewe yuko Shinyanga na familia yake, hajui kitu. Nakula ugali niliopika kwa mkono wangu, na makoko yake jogoo aliyaangalia akaenda zake. Nyumba imekuwa kubwa ghafla. Na Severini ametuma maneno kwamba mwisho wa Novemba anakuja na mkokoteni kuchukua sanduku la nguo la dada yake na kinu chake. Sanduku sawa, nguo ni nguo. Lakini mwanamke akishahamisha kinu, hapo unabaki na nini? Uwanja.

Ndiyo maana nataka kile chakula. Nimeshafanya jaribio na nakupa matokeo, usije ukaacha kazi kwa wivu.

Uma sikutumia. Uma ni wa kulia nyama. Sisi watu wa ng'ombe tuna kibuyu. Nilienda kwa ndugu yetu Malale nikaazima, maana cha Mama Ngolo niliogopa kukigusa. Nikaimimina malai ndani, nikafunga mlango, nikakaa kwenye kigoda, nikatikisa. Mlango nilifunga kwa sababu unajua mwenyewe, mwanaume kutikisa kibuyu cha maziwa kwetu haijatokea, hiyo kazi ni ya wanawake. Bahati mbaya akapita Thacienne, yule mama wa Kirundi jirani yangu mwenye migomba. Nilikuwa nimemwagiza ndizi. Akasimama nje ya mlango.

"Masalu, nani huyo ndani anatikisa?"

"Mgeni."

"Mgeni wa kike?"

"Mgeni tu, mama. Weka ndizi hapo."

Akaweka, akaondoka anaguna. Nimemshinda.

Wewe umesema niangalie. Kibuyu hakina dirisha, lakini mtu aliyekulia zizini anasikiliza. Mama yangu, yaani bibi yako, alikuwa anatikisa, kwanza sauti inasema kwachu, kwachu, halafu inazama, inasema bu, bu. Hapo ndipo anafungua. Basi na mimi nikangoja ile bu. Mikono imetoka malengelenge lakini nikangoja. Nilipofungua, Hana! Wewe ulisema kilima kidogo, mimi nimepata mlima. Ngumu, ya njano, kijiko kinasimama wima chenyewe. Ile ya Tabora ikiiona hii itaomba shikamoo. Yale maji maji yaliyobaki nilimpa mbwa.

Jumapili tarehe kumi na saba Novemba natengeneza nyingine na kupanda nayo Kabungu. Maneno nitayapata njiani.

Mjomba wako,
Masalu

*

SIMU YA MAANDISHI
TABORA 11 NOVEMBA 1996

MZEE MASALU MISUNKUMILO MPANDA
HIYO SI MALAI NI SIAGI. ACHA KIBUYU TUMIA UMA. MWAMBIE THACIENNE UKWELI MAPEMA. HANA

*

Tabora
1 Desemba 1996

Mjomba,

Shikamoo. Sijui kama u mzima, kwa hiyo naanza na hilo. U mzima?

Nilikutumia simu, hukujibu. Tarehe kumi na saba imepita. Mimi jikoni napika huku nahesabu siku za treni, masista wameanza kuniuliza kama nina mchumba Mpanda.

Jambo lililonitia wasiwasi ni hili. Mama Ngolo aliniandikia tarehe kumi na tatu, kabla ya safari yako, barua ya mistari minne tu. Anasema Kabungu nzima inajua kwamba Masalu ameweka mwanamke ndani, anayemtikisia kibuyu mchana mlango umefungwa, na kwamba aliyeleta habari amezipata kwa jirani mwenye migomba aliyesikia kwa masikio yake. Amemalizia hivi: "Kaka hasubiri tena mwisho wa mwezi. Anatengeneza mkokoteni."

Tangu hapo yeye kimya, na wewe kimya.

Sitaki hadithi, mjomba. Nijibu swali moja hata kwa mstari mmoja. Kinu kipo?

Mpwa wako,
Hana

*

Misunkumilo
22 Desemba 1996

Hana mwanangu,

Kinu kipo.

Nimeanza na hilo kwa sababu uliomba mstari mmoja, lakini mstari mmoja mimi sijawahi kuuandika, kwa hiyo vumilia. Marahaba zako zote. Ni mzima. Simu yako ilikaa posta inaningoja, mimi sikupita huko mpaka tarehe kumi na tisa, siku mbili baada ya kurudi. Niliisoma pale pale kaunta nikacheka peke yangu, karani akaniuliza kama ni msiba.

Ile Jumapili nilitoka alfajiri. Bakuli nililifunika kwa majani ya mgomba, nikalizungushia kitambaa kibichi, nikalifunga nyuma ya baiskeli. Njiani nilipanga maneno. Mpaka nafika nilikuwa na hotuba ya kutosha bunge. Naingia uwanjani kwa Severini namkuta amepiga magoti, anafunga gurudumu la mkokoteni. Hotuba yote ikaniishia.

Hakuinuka. Akasema, "Umekuja, shemeji."

"Nimekuja."

"Na yule wa kibuyu umemwachia nani?"

"Yupi?"

"Masalu, usinitanie asubuhi. Anatikisa mchana, mlango umefungwa. Hata haya hamna. Mngengoja basi dada yangu achukue kinu chake."

Mama Ngolo akatoka. Hakunisalimia. Amekonda kidogo, au labda ni mimi niliyesahau. Akaangalia bakuli.

"Hicho nini?"

"Kile cha Tabora."

"Nani kakitengeneza?"

Sasa Hana, nikuambie, majibu nilikuwa nayo matatu, yote mazuri. La kwanza, umekituma wewe na treni. La pili, mpishi wa mkuu wa wilaya ni rafiki yangu. La tatu silisemi, lilikuwa na Wagiriki ndani. Nilikuwa nachagua. Yeye hakungoja, akachukua kijiko, akachota, akatia mdomoni. Akatafuna. Kile chakula hakitafunwi, na yeye alikuwa anatafuna.

"Hii siagi."

"Ni malai."

"Masalu. Mimi nimetikisa kibuyu tangu nina miaka sita. Hii ni siagi, tena haijaoshwa. Umetia ndizi kwenye siagi."

Severini akaacha gurudumu, akaja akachota kwa kidole. Akaonja, akajipaka kidogo mkononi. "Ya kupaka hii," akasema. "Ngozi italainika kweli. Basi mwanamke wako wa kibuyu hajui hata kuacha inapotakiwa kuachwa!" Akacheka mpaka mke wake akatoka jikoni, na majirani wawili wakasimama kwenye ua. Mama Ngolo hakucheka. Alikuwa ananiangalia kama mtu anayengoja basi ambalo anajua halitakuja.

Nikaona kwamba nikitoa jibu lolote katika yale matatu, ule mkokoteni unatoka leo.

"Ni mimi," nikasema.

"Wewe nini?"

"Niliyetikisa. Hakuna mwanamke. Nimekaa kwenye kigoda chake, mlango nimefunga, nimetikisa mimi. Thacienne aliuliza nikaona haya."

Severini akasema, "Mwongo."

Mke wake akaenda ndani akaleta kibuyu, akanikabidhi. "Haya, shemeji. Tuone."

Nikakaa chini nikatikisa, mbele ya watu watano, Jumapili, watu wanarudi kanisani. Jirani mmoja akasema ninatikisa kama nafukuza nyuki. Mwingine akasema waniletee khanga nijifunge kabisa. Mama Ngolo akaja akanishika mkono, akaugeuza, akaangalia malengelenge, mengine yamepasuka, mengine mapya. Hapo ndipo akacheka. Alicheka mpaka akakaa chini, na wote wakamfuata.

Na unajua mimi watu wakicheka. Niliusikia mdomo unaanza kuteremka. Ulishakusanya chui wawili. Nikaushika, Hana. Nikasema kwa sauti ili na wale wa kwenye ua wasikie: "Na siku ile alikuwa fisi. Aliyetoka na mchi ni Mama Ngolo. Chini ya kitanda nilikuwa mimi, na blanketi nilivuta."

Kicheko kikakatika. Severini akaangalia chini. Mama Ngolo akafuta macho, akaniuliza polepole:

"Hilo blanketi umeliongeza sasa hivi, au lilikuwepo?"

"Lilikuwepo."

"Basi leo umesema ukweli. Mimi lile blanketi niliporudi nililiona linatikisika."

Nikafikiri yamekwisha. Hayakwisha. Akasema, "Umeniaibisha mnadani, hukuniaibisha Kabungu. Nenda kayaseme kule kule." Nikarudi Misunkumilo peke yangu na bakuli langu. Severini akabaki na nusu ya ile siagi, anasema viwiko vyake vimekauka.

Siku ya mnada nikaenda. Nikasimama pale pale, karibu na wachoma nyama. Nikasema fisi, nikasema mchi, nikasema kitanda. Niligundua hadithi ya kweli ni fupi sana, nilimaliza hata mishikaki haijageuzwa. Watu hawakucheka kama mara ya kwanza. Mzee mmoja akaniuliza huo mchi ni wa mti gani, kwamba naye amwagizie mkewe. Kuanzia siku ile nikipita, vijana wananisalimia kwa sauti ya kutoka chini ya kitu. Nawaitikia.

Alhamisi iliyofuata ule mkokoteni ulikuja. Severini mbele na ng'ombe wake, na juu yake hapakuwa na kitu ila Mama Ngolo na kifurushi chake. Alishuka, akaenda moja kwa moja kwenye kinu, akapitisha mkono ndani, akasema, "Kuna buibui humu." Akaanza kufagia. Ndiyo salamu niliyopata, na sikudai nyingine.

Thacienne alileta mkungu mzima wa ndizi, hakusema ni wa nini. Mama Ngolo alimkaribisha wakakaa mchana kutwa. Sijui walisema nini ila nilisikia jina langu mara nyingi.

Kabla hajashuka kwenye ule mkokoteni aliniwekea sharti moja: uongo basi, hata mdogo kama sisimizi. Wa nje wa kuchekesha watu ataufikiria, lakini wa ndani ya nyumba hautaki. Nikakubali, Severini shahidi. Na nimejitahidi. Juzi ameniuliza kama mboga ina chumvi nikamwambia haina, akaenda zake kwa Thacienne mpaka jioni, lakini ilikuwa haina.

Sasa kuna jambo moja, na nakuandikia wewe kwanza ili mdomo uzoee kabla ya kesho, maana kesho ni lazima nimwambie yeye. Barua yako ya hatua ameibandika ukutani. Kila siku akimaliza kazi za mchana anaengua malai, anapiga kwa uma, kilima kidogo, anaacha, anachanganya na ndizi. Kwa kweli kinakaa kama wingu. Na bakuli la kwanza hajipi yeye. Ananipa mimi. Anakaa mbele yangu, mikono magotini, ananiambia, "Kula, umekihangaikia." Nakula mpaka chini, nasema kitamu, na kitamu ni kweli. Halafu nasema ngoja nikaangalie ua wa ng'ombe kama umekaa sawa. Wiki hii nimekwenda kuangalia ule ua mara kumi na nne. Ameshaanza kuuliza ua una nini.

Hauna kitu. Mimi Masalu mwana wa Lyamba, mtoto wa zizini, mwenye ng'ombe kumi na mmoja, maziwa ambayo hayajaganda yananiharisha, tangu nikiwa mdogo.

Mjomba wako,
Masalu